Msifunge Mpaka, Fungueni Bomba

Kila ugonjwa mkubwa unaposikika ng'ambo, hapa kwetu Nkanka huzuka sauti ileile: "Wafunge mpaka!" Husemwa sokoni, kanisani, hata darasani. Mimi napinga. Kufunga mpaka ni dawa ya woga, si dawa ya ugonjwa, na wanaolazimishwa kuinywa ni maskini.

Tuanze na Ebola. Agosti 2018 Kongo ilitangaza mlipuko katika Kivu Kaskazini. Ulipokwisha Juni 2020, watu 2,287 walikuwa wamekufa. Julai 2019 ugonjwa ulifika Goma, mji uliogusana na Gisenyi. Mwezi uliofuata ukaonekana Mwenga, katika Kivu Kusini, mkoa wa majirani zetu wa Bukavu. Je, malango yalifungwa? Lango la Gisenyi lilifungwa tarehe 1 Agosti 2019, likafunguliwa siku hiyohiyo. Hadi corona ilipokuja, maelfu walivuka kila siku. Walinawa mikono, wakapimwa joto, wakaulizwa walikotoka. Rwanda haikupata hata mgonjwa mmoja wa Ebola katika mlipuko ule.

Sasa tuitazame corona. Machi 2020 mipaka ilifungwa. Juni mwaka huohuo, mpaka ukiwa bado umefungwa, wagonjwa walionekana Rusizi na mji ukawekwa karantini. Ugonjwa ulipita wapi? Ziwa Kivu halina kufuli! Shangazi yangu alikuwa akiuza nyanya na maparachichi katika soko la Kadutu, Bukavu. Lango lilipofungwa, mtaji wake uliliwa nyumbani mpaka ukaisha. Baadhi ya wenzake walipanda mitumbwi usiku. Njia ya panya haina ndoo ya maji, haina kipimajoto, wala hakuna anayeandika jina lako. Aliyevuka hivyo akishikwa na homa, atakwenda kituo cha afya aseme nini? Atanyamaza, kwa maana kusema ni kujishtaki. Ndiyo maana nasema: lango lililofungwa halina macho.

Najua nitajibiwa kwamba corona si Ebola, kwamba ilienea kwa pumzi na mtu aliweza kuambukiza wenzake bila kuwa na homa. Ni kweli. Nakubali pia kwamba majuma yale ya kwanza yalitupa nafasi ya kujiandaa. Lakini majuma si miaka. Mipaka ya nchi kavu ilifunguliwa kikamilifu Machi 2022, na muda wote huo malori ya mizigo yaliruhusiwa kupita. Kama dereva wa lori aliweza kupimwa akapita, kwa nini mama mwenye beseni kichwani asingeweza? Mwenye shibe hamjui mwenye njaa.

Kosa hili si letu peke yetu. Mwaka 1900 tauni ilipoingia San Francisco, Marekani, wakuu wa mji waliuzungushia kamba mtaa wa Wachina, huku maduka ya Wazungu yakiachwa nje ya kamba. Juni mahakama iliamuru kamba iondolewe, kwa kuwa ulikuwa ubaguzi. Tauni haikujali kamba. Iliendelea hadi 1904. Iliporudi mwaka 1907, mji uliishinda kwa kuwaua panya na kusafisha makao yao. Waliacha kuhangaika na watu, wakashughulikia chanzo.

Na chanzo chetu tunakijua. Julai 1994 wakimbizi waliojaa Goma walichota maji ya ziwa hilihili letu. Kipindupindu na kuhara damu viliua watu wapatao 50,000 katika mwezi wa kwanza. Ukosefu wa maji safi na vyoo ndio uliowaua.

Basi nataka nini? Kila mahali mitumbwi inapotia nanga, kuwe na bomba la maji na sabuni. Mhudumu wa afya wa kijiji akae pale, mtu tunayemjua kwa jina. Anayesema "naumwa" asiulizwe alivuka wapi, na asitozwe faini. Wachuuzi wawe wa kwanza kupata chanjo inapokuwapo. Hizi si ndoto. Mpox ilipoingia Rwanda Julai 2024, wasafiri walikaguliwa mipakani, na Septemba chanjo ikaanza kutolewa kwa walio katika hatari zaidi. Lango halikufungwa kwa ajili ya mpox, na nchi haikuangamia.

Wahenga walisema usipoziba ufa utajenga ukuta. Sisi tunauacha ufa, yaani maji machafu, kisha tunakimbilia kujenga ukuta mpakani. Ugonjwa mwingine utakuja, hilo halina shaka. Siku hiyo, ndugu yangu unayepaza sauti "Wafunge!", kwanza njoo umwambie shangazi watoto wake watakula nini jioni.