Shirandula, bawabu aliyeificha sare yake, na kicheko cha watu wa Magharibi

Marehemu Charles Bukeko alizikwa kwao Funyula, Kaunti ya Busia, Julai 20, 2020, siku mbili tu baada ya kufariki jijini Nairobi. Katika jamii za Waluhya, msiba wa mtu mashuhuri huchukua siku kadhaa na watu hukesha matangani. Wake ulifupishwa na kanuni za kukabili ugonjwa wa Covid-19, ambao ndio uliomtoa duniani. Kwa mtu aliyekaribishwa katika sebule za Wakenya kwa miaka 13, yalikuwa mazishi ya haraka mno.

Waliomjua kwa jina la Bukeko hawakuwa wengi. Taifa lilimjua kama Papa Shirandula, mhusika mkuu wa kipindi cha jina hilohilo kilichoanza kupeperushwa na runinga ya Citizen mwaka wa 2007. Mengi yaliyoandikwa tangu alipoaga yanausifu ucheshi wake. Ni machache yaliyouliza ni kwa nini kisa kilichowekwa Nairobi kilisikika kama habari za nyumbani kwa mtazamaji aliyeketi mkahawani mjini Bungoma au Kitale.

Kiini cha kisa chenyewe ni chepesi kueleza. Shirandula ni bawabu. Huondoka nyumbani akiwa amevaa suti kama meneja, akifika kazini huivua na kuvaa sare ya ulinzi, na jioni hufanya kinyume. Mkewe Wilbroda, nafasi iliyoigizwa na Jacky Nyaminde, huamini kwamba mumewe ni mtu mkubwa ofisini. Kila tukio, liwe la deni, la mgeni wa ghafla au la wivu, mwishowe hutishia kuifichua sare ile.

Uongo huo haukuzaliwa studioni. Kwa miongo mingi vijana kutoka Chwele, Kimilili, Kiminini na viunga vya Kitale wamekuwa wakipanda basi kuelekea Nairobi, safari ya karibu kilomita 400, na wengi wao wakaishia langoni mwa mtu. Kijijini hakuna anayeuliza kazi yenyewe ni ipi. Jibu linalotosha ni kwamba fulani "yuko Nairobi". Maswali huja anaporejea: Desemba, au Agosti ya mwaka unaogawika kwa mbili, wakati Wabukusu wanapowatahiri vijana wao na wajomba wanapotazamiwa kumchinjia mpwa fahali. Aliyekesha mwaka mzima akilinda mali ya wengine hujikuta akihesabiwa kuwa miongoni mwa wenye mali. Akikana, ataonekana mchoyo. Akikiri kwamba yeye ni soja, atakuwa amemvunjia heshima hata mama aliyemsifu kanisani. Basi hunyamaza, na ukimya huo ndio Bukeko alioufanya kuwa kichekesho.

Mambo ya uchumi yalizidi kukipa kipindi hicho uzito. Mnamo Januari 2009, kabla ya Shirandula kutimiza miaka miwili hewani, kiwanda cha karatasi cha Pan Paper kilichoubeba mji wa Webuye kilifunga milango, na ni mwaka wa 2016 tu ambapo kiliuziwa kampuni za Rai. Wakulima wa miwa wa Nzoia walizoea kusubiri malipo. Trans Nzoia, inayolisha taifa mahindi, iliendelea kuona mashamba yakikatwa vipande kadiri wana walivyoongezeka. Kijana aliyekosa nafasi kiwandani na shamba la kurithi hakuwa na njia nyingi mbele yake, na lango la Nairobi lilikuwa mojawapo. Hata mapema 2024, mamlaka ya kusimamia ulinzi wa kibinafsi ilipotaka bawabu wa Nairobi alipwe Sh30,000 kwa mwezi, waajiri walikimbilia mahakamani. Sare ambayo Shirandula aliionea haya haijawa ya kujivunia.

Lakini umuhimu wa Bukeko haukuwa katika kazi ya mhusika peke yake. Ulikuwa pia katika mdomo wake.

Runinga ya Kenya ilikuwa imemchekesha Mkenya kwa lafudhi muda mrefu kabla yake. Katika Vioja Mahakamani, kipindi cha shirika la utangazaji la taifa, mshtakiwa aitwaye Makokha aliburuta maneno yake mbele ya hakimu kwa Kiswahili ambacho kila Mkenya alikitambua kuwa cha Magharibi. Makokha ni jina ambalo ukiliita kwa sauti katika soko la Bungoma watageuka wanaume kadhaa. Vitimbi nayo ilikuwa na Mzee Ojwang' na Mama Kayai, mume na mke Wajaluo waliopendwa kote nchini. Aliyemwigiza Ojwang' alikuwa Benson Wanjau, Mkikuyu. Mama Kayai ni Mary Khavere, Mluhya. Hakuna kati yao aliyekuwa Mjaluo.

Huo ulikuwa ufundi mkubwa, na ni vigumu kumpata mtu wa Kisumu aliyemchukia Ojwang'. Hata hivyo, ulijenga mazoea fulani: lafudhi ikawa vazi linaloweza kuazimwa na yeyote, na kabila likawa tabia tatu nne zinazojulikana. Mluhya alipewa ulaji, upole uliopita kiasi, na kazi ya upishi au ulinzi. Mtoto wa Kitale aliyepelekwa shule ya bweni katika mkoa mwingine alikuta wenzake wamekwisha kumjua kutokana na runinga, kabla hajafungua kinywa.

Bukeko alikuwa mtu wa Magharibi aliyeigiza mtu wa Magharibi. Tofauti ni ndogo machoni pa anayecheka tu, ila ni kubwa kwa anayechekwa. Kwao ni Funyula, nchi ya Wasamia, ilhali jina Shirandula lina umbo la majina ya upande wa Kakamega. Kwa hiyo hata yeye alikuwa akimwigiza jirani. Lakini alijua mipaka. Ulafi wa Shirandula ulikuwapo, na ugali haukukosekana mezani, lakini kilichompa uhai ni akili. Ni mtu anayewaza haraka, anayejikwamua kutoka kila mtego na kuingia katika mwingine, na ambaye kosa lake kubwa ni kutaka aheshimiwe na mke wake. Makokha alichekesha kwa sababu hakuielewa mahakama. Shirandula aliuelewa mji vizuri kupita bosi wake.

Haitakuwa haki kudai kwamba kipindi hicho kiliepuka dhana za zamani. Awinja, nafasi iliyompa Jacky Vike umaarufu, alikuwa mtumishi wa nyumbani wa Kiluhya, na hilo lenyewe ni wimbo uliokwisha kuimbwa. Otoyo, mwenye lafudhi nzito ya Magharibi, aliigizwa na Kazungu Matano, jina ambalo halihitaji kuelezwa kwa mtu yeyote wa Kilifi. Mazoea ya kuazima sauti hayakufa. Yalipata tu kiongozi ambaye sauti ilikuwa yake.

Wakati wenyewe nao una la kusema. Kipindi kilianza mwaka wa 2007, na mwaka huo ukaishia katika uchaguzi uliolitia taifa damu mikononi. Mapema 2008 uwanja wa maonyesho ya kilimo wa Kitale ulikuwa umejaa mahema ya waliofurushwa makwao. Kwenye miteremko ya Mlima Elgon, wanamgambo wa SLDF walikuwa wameua na kulemaza watu tangu 2006, na wanajeshi waliotumwa Machi 2008 kuwamaliza nao wakalaumiwa kwa mateso na watu kutoweka. Waliokimbia mlima waliteremka kuelekea Bungoma na Kitale. Katika majira hayo lafudhi haikuwa mzaha. Namna mtu alivyotamka neno ilitosha kumtambulisha, na kutambuliwa kulikuwa hatari.

Ni katika majira hayohayo ambapo kipindi hicho kilionyesha Mluhya, Mjaluo na Mkikuyu wakidanganyana, wakikopeshana na kuchongeana chini ya paa moja, huku Njoro wa Kenneth Gichoya akiwa mwepesi wa kunusa penye pesa. Kusema kwamba vichekesho viliponya taifa ni kutia chumvi. Wataalamu wa maridhiano walikuwa na haki ya kuuliza iwapo mizaha ya kikabila haikuwa ikirudisha yaleyale kwa mlango wa nyuma. Jibu la kipindi, kama lilikuwapo, ni kwamba wahusika wake hawakuwahi kugombania ardhi wala kura. Waligombania kodi ya nyumba, na kodi ya nyumba haina kabila.

Kuhusu safari ya Bukeko mwenyewe, wasifu wake una mkato unaojulikana kwa waigizaji wengi wa rika lake. Alizaliwa mwaka wa 1962, akaanzia kwenye majukwaa ya Nairobi, na akafikia runinga akiwa mtu mzima. Tangazo la Coca-Cola lililomwonyesha akitetemeka kwa baridi ya soda lilimpeleka katika nchi nyingine za Afrika ambako hakuna aliyejua Shirandula ni nani. Kutoka hapo mhusika alimmeza mwigizaji. Barabarani aliitwa Papa, katika hafla aliitwa Papa, na hata vichwa vya habari za kifo chake vililitanguliza jina la kuigiza na kulifuatisha la kuzaliwa. Kipindi hakikuendelea bila yeye.

Hapo ndipo hesabu huwa ngumu. Mwigizaji akishikamana na mhusika mmoja kwa miaka 13, mhusika ni mali ya nani? Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya mwaka 2001 inamtambua mwigizaji kuwa mwenye haki katika uigizaji wake. Ila haki iliyo kwenye karatasi hutegemea mkataba, na mkataba hutegemea nguvu za anayeutia saini. Nchini Kanada, mwigizaji wa runinga asiyejulikana nje ya mji wake huwa na chama cha ACTRA nyuma yake. Chama hicho, ambacho mizizi yake ni ya mwaka 1943, hujadiliana na watayarishaji kwa niaba ya wote kuhusu malipo ya chini na malipo ya matumizi ya kazi baada ya kurekodiwa. Mwigizaji huyo huweza kuishi kwa nafasi ndogondogo miaka thelathini bila kuwa nyota.

Kenya haijawa na kinga ya namna hiyo, na ushahidi si wa kutafutwa mbali. Mzee Ojwang', kabla ya kufariki Julai 12, 2015, alikuwa amefikia hatua ya Wakenya kumchangia fedha za matibabu ya macho, ilhali uso wake ulikuwa umetumiwa na kizazi kizima. Mwaka wa 2021 ilikuwa zamu ya Joseph Kinuthia, Omosh wa Tahidi High, kuomba msaada hadharani. Wahenga walisema mcheza kwao hutunzwa. Huku kwetu hutunzwa kwa harambee.

Katika hali hiyo, waigizaji chipukizi wa Magharibi wameanza kuipita runinga kando. Mfano ulio karibu ni wa Kitale. David Oyando, kijana wa Trans Nzoia aliyesomea uuguzi, alijitokeza mtandaoni kwa jina la Mulamwah, neno la Kiluhya linalomaanisha shemeji. Akiwa amevaa matambara ya mtu wa shamba, alizungumza kwa lafudhi ya kwao mbele ya kamera ya simu, bila mtayarishaji wala kituo. Umaarufu ulikuja haraka kuliko wa Bukeko, na bila daraja la jukwaani. Haukuja na kinga yoyote. Mcheshi wa runinga hutukanwa sebuleni na hasikii. Wa mtandaoni huamka asubuhi na kuyasoma matusi yote kwenye simu ileile anayoichumia riziki.

Mwaka wa 2020, mwaka aliofariki Bukeko, Mulamwah aliyachoma moto mavazi yale ya kuigizia mbele ya kamera na kutangaza kwamba ameacha vichekesho kwa sababu ya matusi hayo. Kitendo hicho kilichukuliwa na wengi kama kiki ya msanii. Lakini kuna jambo la kutafakari katika picha hizo mbili zikiwekwa sambamba: bawabu wa kubuni aliyeificha sare yake ili asichekwe nyumbani, na muuguzi wa kweli aliyeiteketeza ya kwake baada ya kuchekwa na asiowajua.

Baadaye Mulamwah alirejea. Vipande vya Shirandula navyo havijatoweka. Vingali vinatazamwa mtandaoni, na ndani yake Bukeko bado anavua suti, anaikunja vizuri, na kuwahi langoni kabla bosi hajapiga honi.