Kicheko cha Wake wa Usangi

Wapo miongoni mwetu wanaoshikilia kwamba kichekesho cha mume na mke ni upuuzi usiostahiki kuitwa sanaa. Kauli hiyo haina mashiko. Ndoa ni dola ndogo. Anayeichekesha huuliza nani mtawala, na kwa haki gani.

Sinema bubu ililijua hilo tangu utoto wake. Mwaka 1912 John Bunny na Flora Finch waliigiza huko Marekani filamu fupi iitwayo A Cure for Pokeritis. Mume aapa kuacha kamari, kisha airudia kwa siri; mke naye apanga jamaa wavae sare za polisi, wawavamie wacheza karata. Bila ya neno kutamkwa, mtazamaji alifahamu kwamba ubwana wa nyumba ni vazi, huvaliwa na huvuliwa.

Kwetu sinema ilipopelekwa mashamba, ilikwenda na fimbo ya mwalimu. Kati ya 1935 na 1937, huko Vugiri katika milima ya Usambara, mradi ulioongozwa na Waingereza ulitengeneza filamu bubu zilizosindikizwa na santuri, kuwafunza Waafrika habari za safura, malaria ya watoto na akiba ya posta. Mwenyeji alikuwa wa kufunzwa tu. Hakudhaniwa kuwa naye aweza kumcheka mkubwa.

Jibu lilitoka milima jirani ya Upare. Mwaka 1945 maelfu ya wanaume waliteremka hadi Same, makao ya wilaya, kuipinga kodi ya mbiru, wakapiga kambi. Mwaka uliofuata wake wa Usangi waliandamana kumkabili mtawala wa Kiingereza: ama amalize shauri na waume zao warejee majumbani, ama awatie mimba yeye, wote! Kodi ile ilifutwa 1947.

Hawakuwa na mzaha wanawake wale; nyumba zilikuwa hazina waume. Lakini mzaha gani uliopata kuwa mkali zaidi? Aliyejidai baba wa wote alitakiwa sasa awe mume wa wote.

Kisha tazameni vichekesho vyetu vingi vya leo: mke ni mwenye wivu, mwenye tamaa, wa kupigwa kofi ili ukumbi ucheke. Huo si ucheshi, ni uonevu uliopakwa rangi. Kicheko chenye heshima hupanda juu kumtafuta mwenye nguvu. Watunzi wetu wakikosa kisa, na wapande Usangi.