Sufle Ni Chakula cha Nyumbani

Katika vyakula vilivyopata kuonewa duniani, ni vichache vilivyoonewa kama sufle. Asili yake ni mayai, maziwa kidogo, unga kidogo, na mboga au tunda lililosalia jikoni. Walakini chakula hiki kimevikwa joho la kifalme, kikawekwa nyuma ya milango ya hoteli kubwa, na watu wa nyumbani wakaambiwa wasikisogelee. Yasemwa kuwa ni kazi ya mabingwa peke yao. Yasemwa kuwa kishindo cha mtoto sakafuni hukiangusha. Yasemwa kuwa mboga iliyotiwa chumvi na sukari pamoja ni aibu mezani. Tena yasemwa, na hili ndilo baya kuliko yote, kuwa habari za sufuria hazistahili kalamu ya mtu aliyesoma. Maneno haya manne ni uongo, na uongo usipojibiwa huota mvi ukaitwa hekima.

Jina la sufle limetoka katika kitenzi cha Kifaransa chenye maana ya kupuliza, kwa sababu chakula hiki huumuka kama kitu kilichopulizwa pumzi. Vincent La Chapelle, mpishi Mfaransa aliyemtumikia Lord Chesterfield wa Uingereza, ndiye atajwaye kwa kawaida kuwa miongoni mwa watu wa kwanza kuandika mapishi ya namna hii, katika nusu ya kwanza ya karne ya 18. Mwaka 1814 Antoine Beauvilliers, aliyekuwa na mkahawa mashuhuri mjini Paris, alichapisha kitabu chake cha upishi. Kisha Antonin Carême, aliyefariki mwaka 1833 baada ya kuwapikia watu wakubwa kama Talleyrand na Rothschild, akaipandisha sufle daraja mpaka ikawa pambo la karamu. Iko sufle iliyopewa jina la Rothschild, ambayo matunda yake yalilowekwa katika kileo chenye chembe za dhahabu. Hapo ndipo watu walipoanza kudhani kuwa dhahabu ndiyo sufle. Dhahabu haikuinua povu hata kwa upana wa ukucha. Aliyeliinua ni yai, na yai hutagwa uani kwa maskini kama litagwavyo kwa tajiri.

Usione vyaelea, vimeundwa. Sufle nayo imeundwa, na muundo wake waweza kuelezwa kwa Kiswahili bila ya kuazima fumbo la mtu yeyote. Ute wa yai ni maji kwa kadiri ya sehemu 9 katika 10. Karibu yote yaliyosalia ni protini. Ute upigwapo, hewa huingia ndani yake kwa viputo vidogo, nazo protini zilizokuwa zimejikunja hukunjuka, zikashikana, zikawa ngozi nyembamba ya kila kiputo. Ute uliopigwa vizuri waweza kuongezeka hata mara 8 ya ukubwa wake wa kwanza. Mafuta ya kiini huzuia kazi hiyo, ndiyo maana kiini hutengwa na ute kwa uangalifu, na bakuli husafishwa mpaka lisibaki na alama ya siagi.

Povu hilo likichanganywa na rojo na kutiwa katika oveni, kazi ya pili huanza. Hewa ikipata joto hutanuka; lakini kutoka nyuzi 20 za sentigredi mpaka nyuzi 100 hutanuka kwa kadiri ya robo tu. Basi sufle inayoumuka kupita kiasi hicho husukumwa na nini? Husukumwa na mvuke. Maji yaliyomo katika ute, maziwa na mboga hugeuka mvuke, mvuke ukaingia katika viputo, na viputo vikavimba. Wakati huo huo protini hushupaa kwa moto na kuta za viputo husimama. Huo ndio uchawi wote wa sufle: hewa, maji, joto na protini. Mtu awezaye kuelewa kwa nini kifuniko cha sufuria hurukaruka maji yachemkapo, aweza kuelewa sufle.

Kuhusu kishindo cha mtoto, ni jambo la ajabu kwamba hofu kubwa kama hii imeishi miaka mingi juu ya msingi mdogo. Povu lililopigwa likashika halivunjwi na hatua ya mtu apitaye jikoni. Mlango wa oveni ukifunguliwa kitambo kidogo, joto lililokwisha kuingia ndani ya sufle haliondoki mara moja. Sufle hushuka kwa sababu moja iliyo wazi: itokapo motoni hupoa, mvuke hurudi kuwa maji, hewa hunywea, na chakula hukaa chini. Kila sufle hushuka, iwe imepikwa na bingwa au na mwanafunzi. Tena ile iliyoshuka ikirudishwa motoni huinuka kwa mara nyingine, ingawa si kwa kimo kile cha kwanza. Kumlaumu mpishi wa nyumbani kwa sababu sufle yake imeshuka ni sawa na kumlaumu mvuvi kwa sababu maji yamekupwa.

Sasa na waulizwe wale wasemao kuwa mambo haya hayawahusu wasomi. Mwaka 1969 Nicholas Kurti, mwanafizikia wa Oxford aliyejulikana kwa utafiti wake juu ya baridi kali kabisa, alisimama mbele ya hadhara ya Royal Institution mjini London akazungumza juu ya mwanafizikia jikoni. Alipima joto ndani ya sufle ilipokuwa ikipikwa. Tena alisikitika kwamba wanadamu wamepata kupima joto la hewa ya sayari ya Zuhura, lakini hawajui linalotokea ndani ya sufle zao. Mtu huyu hakupungukiwa na heshima kwa kuchungulia oveni. Na mwaka 1984 Harold McGee pamoja na wenzake wawili walichapisha katika jarida la Nature uchunguzi juu ya sababu ya wapishi wa Ufaransa kupigia ute wa mayai katika bakuli la shaba nyekundu. Wapishi walikuwa wakifanya hivyo tangu karne ya 18. Maabara ilifika nyuma yao kwa miaka 200. Basi nani alikuwa mwalimu na nani mwanafunzi?

Linabaki shauri la chumvi na sukari. Wako watu waliojifunza katika vitabu vya kigeni kuwa tamu ni ya mwisho wa mlo na chumvi ni ya mwanzo, nao hushika mpaka huo kama mpaka wa nchi. Lakini Ufaransa kwenyewe sufle haikuukubali mpaka huo: rojo lile lile la maziwa laweza kupokea jibini au mchicha, na povu lile lile laweza kupokea ndimu au matunda. Kusini mwa Marekani sufle ya viazi vitamu au ya karoti hutiwa sukari, kisha huwekwa mezani pamoja na nyama, wala hakuna mgeni anayekimbia. Ama pwani ya Afrika ya Mashariki, mtu ashangaaye jambo hili na atazame sinia ya futari. Hapo ndizi mbivu zilizopikwa kwa nazi, sukari na iliki hukaa ubavuni mwa samaki. Viazi vitamu na maboga hupata tui na chembe ya chumvi. Na mlaji huchukua tonge la hiki na tonge la kile. Watu waliolelewa na sinia hiyo hawana haja ya kufundishwa na mtu kuwa utamu na chumvi vyaweza kuwa ndugu.

Wala upigaji wa mayai si jambo geni huko. Mkate wa mayai huumuka kwa mayai na sukari vilivyopigwa kwa muda mrefu mpaka vikawa povu zito, ndipo unga unyunyizwapo na kuchanganywa kwa mkono mwepesi. Nyumba zisizokuwa na oveni zimeuoka mkate huo kwa kupalia, makaa chini na makaa juu ya kifuniko. Fundi wa kazi hiyo alijua lini povu limetosha, na alijua kuwa mkono mzito huliua. Hakuandikiwa kitabu, wala jina lake halikupewa chakula. Carême alipata jina. Yeye alipata moshi.

Ili maneno yasibaki maneno, kazi yenyewe ni hii. Boga lililochemshwa au kuchomwa, likakaushwa maji na kupondwa, gramu 300. Siagi gramu 40 huyeyushwa, unga wa ngano gramu 40 hukaangwa humo kwa dakika mbili bila ya kugeuka rangi, kisha maziwa mililita 200 hutiwa kidogo kidogo huku yakikorogwa mpaka rojo liwe zito. Boga huingia, pamoja na sukari vijiko vikubwa viwili, chumvi nusu ya kijiko cha chai, iliki na kungumanga kidogo. Chombo hutolewa motoni kipoe kidogo, ndipo viini vinne vya mayai vichanganywe. Ute wa mayai matano hupigwa na matone ya ndimu mpaka usimame. Usipigwe hadi ukakatika na kutoa maji. Theluthi moja ya povu hukorogwa katika rojo ili kulilainisha, na sehemu iliyobaki huingizwa kwa kupindua taratibu kutoka chini kwenda juu. Yote humiminwa katika bakuli la lita moja na nusu lililopakwa siagi, na kuokwa kwa nyuzi 190 za sentigredi kwa dakika 35 hivi. Kazi hiyo haizidi saa moja na nusu, na boga la jana linatosha.

Iko hoja moja ya wapinzani iliyo na uzito, nayo haifai kufichwa. Mayai matano si kitu kidogo katika kila nyumba, na moto nao una bei. Hili ni kweli. Lakini ugumu wa mfuko ni jambo moja na ugumu wa akili ni jambo jingine. Asiyeweza kununua mayai leo asiambiwe kuwa hana akili ya kuyapiga. Wala sufle haikuja kuyafukuza maboga ya nazi, ambayo hayahitaji yai hata moja na yana heshima yake kamili. Linalopingwa hapa ni dharau, siyo uchache wa fedha. Dharau hiyo humwambia mpishi wa nyumbani kuwa ajualo si elimu kwa sababu alilijua kwa mkono, na humwambia msomi kuwa lugha yake haifai kueleza povu la yai. Watu wakiziamini kauli hizo mbili, maarifa ya jikoni hufa bila ya kuandikwa, na lugha hubaki na maneno ya siasa na ya mashairi, ikakosa maneno ya mlo wa jioni.

Mwisho, sufle yenyewe imekwisha kutoa hukumu. Haiwezi kuwekwa, haiwezi kupelekwa mbali, haiwezi kumngoja mgeni aliyechelewa. Itokapo motoni ina dakika chache tu za kimo chake. Hoteli yenye meza 50 na njia ndefu kutoka jikoni ndiyo mahali pake pa taabu. Nyumba ambayo jiko na mkeka wa kulia chakula vinatazamana ndiyo mahali pake pa raha. Hutaka walaji waliokwisha kunawa, walioketi, na wanaomjua aliyepika. Chakula cha namna hiyo ni cha nani, kama si cha nyumbani?