Wasafiri wa Wakati: Nani Ameshika Usukani?

Mtahiniwa, ukikutana na mhusika aliyetoka leo akaingia jana au kesho, usikimbilie kuandika "mbinu rejeshi". Nimelisoma jibu hilo katika mazoezi mengi mno, tena kutoka kwa wanafunzi wazuri.

Mbinu rejeshi ni kazi ya msimulizi. Mhusika ameketi pale pale. Ni sisi wasomaji tunaorudishwa nyuma. Lakini katika Walenisi ya Katama Mkangi (1995), Babu Alipofufuka ya Said Ahmed Mohamed (2001) na Bina-Adamu! ya Kyallo Wadi Wamitila (2002), mhusika mwenyewe ndiye anayeondoka. Kuna chombo au kiongozi, kuna njia, kuna hatari ya kutorudi. Hiyo ni safari, na safari ina maswali yake. Msafiri ametumwa au amejituma? Nani anaijua njia? Nani ameshika usukani?

Najua utakachosema. Sisi wa Lumakanda tutajua wapi habari za vyombo na usukani, ilhali maji makubwa tunayoyaona ni ya Nzoia? Basi anza na shamba la kwenu. Mahindi hupandwa mvua ya Machi ikianza, na anayechelewa huvuna majani. Mabaharia wa pwani waliishi kwa hesabu kama hiyo. Kaskazi ilileta majahazi kutoka Arabuni na Bara Hindi kati ya Novemba na Machi, kisha kusi ikayarudisha. Walihesabu siku kumi kumi tangu Nairuzi, mwaka mpya wa jua ambao Makunduchi, Zanzibar, bado wanausherehekea kwa Mwaka Kogwa, ili wajue siku ya kutweka tanga. Aliyekosea hesabu alikaa ugenini miezi mizima akingoja upepo. Kwa watu hao, kuvuka bahari kulikuwa pia kuvuka wakati. (Ahmad ibn Majid, baharia mashuhuri wa karne ya 15, aliieleza njia ya kwenda Sofala kwa shairi refu. Wanaodharau ushairi na walikumbuke hilo.)

Mara nyingi chomboni nahodha alikuwa mkuu, lakini rubani ndiye aliyejua njia. Neno hilo "rubani" leo tumelipandisha kwenye ndege. Mkangi, mwana wa Kilifi, anatupandisha juu zaidi ya hapo.

Dzombo amehukumiwa kifo. Hachinjwi wala hanyongwi; anatiwa ndani ya chombo cha angani kiitwacho sayari, kirushwe naye humo. Soma sehemu hiyo polepole. Badala ya kukaa akingoja kufa, Dzombo anajifunza jinsi chombo kinavyofanya kazi, anakiongoza, na anatua Walenisi, nchi ya usawa ambayo jina lake ukilikata vipande linakuambia "wale ni sisi". Chombo kiliundwa kiwe jeneza, abiria akakigeuza jahazi. Ukiandika kwamba hapo pana "fantasia" tu, umetaja mbinu bila kugusa maudhui. Sema nani alikiunda chombo, kwa nini, na nini kinatokea aliyehukumiwa anapojifunza kukiendesha. Mkangi hakuyatoa hayo hewani. Mwaka 1986 serikali ilimtia kizuizini bila kumfikisha mahakamani.

Mwalimu mwenzangu mmoja hushikilia kwamba riwaya za namna hii ni za kukimbia matatizo, na kwamba mwanafunzi wa kidato cha tatu afadhali asome mambo "yanayoonekana". Sikubaliani naye hata kidogo. Mtawala akitajwa waziwazi, kitabu huzimwa au mwandishi huzimwa. Akitajwa katika nchi isiyo kwenye ramani, msomaji humtambua mwenyewe, na asiyetaka kutambulika hubaki bila la kushtaki.

Sasa mlinganishe Dzombo na K wa Babu Alipofufuka. K ni mkubwa serikalini, na babu yake aliyekwisha kufa ndiye anayemjia na kumtembeza. Hapa usukani umo mikononi mwa mzee. K ni abiria asiyetaka kuona anachoonyeshwa. Katika Bina-Adamu! msafiri anaongozwa na sauti ya Hanna, akipita katika historia na mabara akimtafuta P.P. Safari tatu, marubani watatu tofauti. Hapo tayari una insha ya alama ishirini.

Sifichi upendeleo wangu. Dzombo akishatua, Walenisi inageuka mhadhara mara kwa mara: wenyeji wanaeleza na mgeni anasikiliza. K ananigusa zaidi kwa sababu ana hatia ya kuibeba njiani, na msafiri mwenye mzigo hutembea kwa namna yake. Unaweza kunipinga, na mtahini hatakunyima alama kwa kunipinga, ila taja tukio, eleza limetokea wapi katika hadithi, ndipo utoe hukumu.

Kabla hujaifungua sura inayofuata ya mwongozo huu, chukua karatasi. Mweke K ndani ya chombo cha Dzombo, bila babu, usukani ukiwa mkononi mwake. Andika ukurasa mmoja: atakielekeza wapi?