Acheni kufomati kadi za watu!

Hivi jamani, nani kawaambia dawa ya kila kosa ni kufomati? Mimi yamenikuta. Doom iligoma kwenye PSP yangu, ikasema faili halipo. Fundi mmoja akafomati kadi, picha za marehemu bibi zikapotea zote. Tulipoirudisha, Doom ikagoma vilevile!

Kisa ni rahisi. Mwaka 1997 id Software walitoa msimbo wa Doom hadharani, lakini ramani, picha na sauti zimo kwenye faili la WAD, lenye haki za wenyewe. Unalitia mwenyewe: DOOM1.WAD ya majaribio, au la mradi huria wa Freedoom, mahali README inapokuelekeza.

Programu nyingine nazo ni hivyo hivyo. EBOOT.PBP hukaa kwenye folda yake ndani ya PSP/GAME, pamoja na mafaili yake. Ukiihamisha peke yake, wenzake watatafutwa wasionekane.

Faili ambalo halijawahi kuwekwa litarudishwaje kwa kufuta yaliyopo? Mafundi, someni README kwanza. Nanyi wenye kadi, nakilini picha zenu kabla hamjamkabidhi mtu. Mimi nimechelewa.