Gertie, hataza na programu huria

Haya wasomaji, leo tuiache kompyuta kidogo tutazame katuni. Juzi jamaa mmoja aliniambia mimi ni mjinga kuweka programu zangu wazi, yeyote asome na achukue. Jibu langu liko kwenye filamu bubu ya mwaka 1914.

Filamu yenyewe ni Gertie the Dinosaur, ya Mmarekani Winsor McCay. Ilihitaji maelfu ya michoro, na kila karatasi ilichorwa upya yote: dinosau, miamba, mti. Msaidizi wake, John Fitzsimmons, ndiye aliyenakili mandhari ile ile karatasi baada ya karatasi. McCay alikuwa na ujanja wake: alichora kwanza mikao muhimu, halafu akajaza ya katikati. Mwendo unaojirudia aliutumia michoro ile ile tena na tena. Sisi waandishi wa programu tunakijua hicho, ni kitanzi!

McCay hakuchukua hataza, yaani haki ya kisheria ya kuzuia wengine wasitumie uvumbuzi wako. Mchoraji mwingine, John Randolph Bray, akazichukulia hataza nyingi ya mbinu hizo, kisha akamshtaki McCay mwenyewe. Kesi haikufaulu.

Sisemi hataza zote ni wizi. Mwaka huo huo wa 1914, Earl Hurd aliomba yake kwa jambo jipya: kinachosogea kichorwe kwenye karatasi ya selulodi inayoonyesha ng'ambo, na mandhari ichorwe mara moja tu. Fitzsimmons angepumzika! Lakini Hurd na Bray waliunganisha hataza zao, na studio zilizotaka njia hiyo zikatakiwa kulipia leseni mpaka hataza zilipokwisha muda mwaka 1932.

Mimi ninajifunza hivi: kuwa mkarimu peke yake hakutoshi, lazima uache alama. Kitu kilichokwisha kuchapishwa hadharani si kipya tena, na kisicho kipya hakistahili hataza. Ndiyo maana msimbo wangu nauweka hadharani, una tarehe na leseni yake. Huo si ujinga, ni ushahidi.

Jamaa yangu akitaka kufunga alichobuni mwenyewe, sawa, ni haki yake. Ninachopinga ni mtu kukuta mlango wazi, akaingia, halafu akaubadilishia kufuli mwenye nyumba akiwa nje. Nyinyi mnaonaje?