Kuna kusubiri, na kuna kusubirishwa

Kwenye kipindi cha wiki hii tuliongea kuhusu gemu, na katikati mazungumzo yakageuka ubishi. Mada ilikuwa skrini za kupakia kwenye gemu za dunia wazi. Zile gemu ambazo unaambiwa unaweza kwenda popote, halafu ukifungua mlango tu, kila kitu kinasimama na kiduara kinaanza kuzunguka. Upande mmoja ulisema, nunua mashine mpya, yataisha. Muda ukaisha kabla sijamaliza hoja yangu, kwa hiyo naimalizia hapa.

Hoja yenyewe ni hii: usikimbilie kulaumu mashine yako. Baadhi ya skrini hizo zina sababu ya kweli. Nyingine zipo kwa sababu mtu aliandika programu ovyo na hakuna aliyerudi kuangalia. Sisi tunaotoa pesa tunatakiwa kujua tofauti kabla ya kufungua pochi.

Kiswahili kinatusaidia hapa. Kusubiri ni kitu unachofanya wewe. Kusubirishwa ni kitu unachofanyiwa. Wengi wetu tumelelewa na "subira yavuta heri", na mama akishasema hivyo hakuna rufaa. Lakini angalia vizuri: methali inamsifu anayesubiri. Haijamtetea anayesubirisha watu.

Tuanze na wanaosubiriwa kwa sababu

Tukiishi huku Upper Marlboro tuna bahati ya ajabu kidogo, maana mfano mzuri kabisa ni jirani yetu. Bethesda Game Studios wako Rockville, kaunti ya Montgomery, upande wa pili wa Beltway. Hao ndio waliotuletea Morrowind mwaka 2002, Oblivion 2006, Skyrim 2011 na Starfield 2023. Kama umecheza mojawapo, skrini za kupakia unazijua kama unavyoijua foleni ya I-495.

Kwanini ziko nyingi hivyo? Chukua Skyrim. Dunia yake imekatwa vipande vya mraba. Ukiwa nje, gemu inaweka kwenye memori kipande ulichosimama pamoja na vinavyokizunguka, kwa kawaida 5 kwa 5, yaani vipande 25. Ukisogea, vya mbele vinaingia na vya nyuma vinatolewa. Ndio maana unaweza kukimbia porini hata nusu saa bila skrini yoyote. Lakini nyumba, mapango, na ile miji mitano mikubwa yenye kuta, vyote viko kwenye nafasi zao za pembeni. Ule mlango unaouona sio mlango kweli. Ni kama kupanda ndege.

Na walikuwa na sababu. Gemu zao zinakumbuka vitu. Ukiweka jibini sakafuni nyumbani kwako, ukaenda kupigana na madragoni siku tatu, ukirudi jibini lipo palepale. Kukumbuka kila kikombe na kila kitabu kunakula memori, na Xbox 360 ilikuwa na megabaiti 512 tu. Simu iliyo mkononi mwako sasa hivi huenda ina mara kadhaa ya hapo. Kwenye Morrowind hali ilikuwa mbaya zaidi: Xbox ya kwanza ilikuwa na megabaiti 64, na Todd Howard wa Bethesda ameshaeleza kwamba memori ikibana, gemu iliizima na kuiwasha konsoli upya kimyakimya, nyuma ya skrini ya kupakia. Mchezaji anadhani anasubiri pango, kumbe mashine imezaliwa upya.

Mimi hiyo naiheshimu. Ni fundi aliyebanwa akapata njia. Hapo tunasubiri, na tunajua tunasubiri nini.

Sasa njoo 2023. Kwenye kompyuta, Starfield inadai uwe na SSD, yaani diski ya kisasa isiyo na kitu kinachozunguka ndani. Xbox Series X ina gigabaiti 16 za memori. Lakini bado: ukipaa, skrini. Ukitua, skrini. Maduka mengi mjini, skrini. Watetezi wanasema kwenye SSD ni sekunde chache tu, na ni kweli. Ila tatizo la skrini za mara kwa mara sio urefu wa moja, ni idadi yake. Hadithi inakatwa kila dakika mbili, kama mtu anayekusimulia jambo zito huku anapokea simu. Na mwaka 2015, miaka minane kabla ya hapo, The Witcher 3 ilikuruhusu kutembea mji wa Novigrad na kuingia ndani ya nyumba bila kusimamishwa. Najua gemu hizi mbili hazifanani, na Witcher haikumbuki kila kikombe. Lakini sababu iliyokuwa na nguvu mwaka 2011 imechakaa, na sio kosa la mteja kusema hivyo.

Halafu kuna kusubirishwa

Mfano ninaoupenda zaidi ni GTA Online. Ilifunguliwa Oktoba 2013, na kwa karibu miaka sita tangu ifike kwenye kompyuta, watu waliokuwa wakichezea huko walikaa dakika nyingi wakiangalia mawingu kabla ya kuingia mjini. Jibu la kila mtu lilikuwa lilelile: kompyuta yako mbovu, intaneti yako mbovu, nunua nyingine. Watu wakanunua. Bado wakasubiri.

Mwaka 2021 jamaa mmoja anayejiita t0st aliamua kuangalia mwenyewe. Hakuwa mfanyakazi wa Rockstar na hakuwa na maandishi ya programu yao. Aliifungua programu iliyokwisha jengwa, akachunguza kichakato kilikuwa kinafanya nini muda wote ule. Alichokuta ni faili moja la maandishi la megabaiti 10, lenye vitu kama 63,000. Vitu gani? Orodha ya bidhaa unazoweza kununua ndani ya gemu.

Kwa wasioandika programu, nitaeleza hivi. Fikiria mweka hazina wa kamati ya harusi anasoma daftari la michango. Anasoma jina la kwanza. Kabla ya kusoma la pili, anahesabu herufi zote zilizobaki hadi mwisho wa daftari. Anasoma la pili, anahesabu tena zote zilizobaki. La tatu, hivyohivyo. Hilo lilikuwa kosa la kwanza. Kosa la pili: kila akiandika jina kwenye orodha mpya, anarudi kulilinganisha na majina yote aliyokwisha andika, kuhakikisha halijarudiwa, wakati daftari halikuwa na jina lililorudiwa hata moja. Kwa vitu 63,000 huo ni ulinganisho karibu bilioni 2.

Mweka hazina wa namna hiyo ungemnunulia kalamu ya bei ghali zaidi? Ndicho tulichokuwa tunafanya na kompyuta zetu.

t0st alitengeneza kiraka kidogo, na kwenye mashine yake muda ukashuka kutoka dakika 6 hadi dakika 1 na sekunde 50. Akachapisha kila kitu. Mwezi Machi 2021 Rockstar walikubali kuwa alikuwa sahihi, wakatoa sasisho, wakamlipa dola 10,000. Tukumbuke ni kampuni iliyopata mabilioni kutokana na gemu hiyo. Walikuwa na wataalamu, na walikuwa na muda. Walichokosa ni mtu wa kuuliza, hivi kwanini inachukua muda hivi?

Nani analipa?

Hapa ndipo suala linaacha kuwa la gemu peke yake. Mtu akikuambia "nunua mashine mpya", anahamisha gharama kutoka kwa aliyeandika programu na kuileta kwako. PS5 yenye sehemu ya CD ilianza kuuzwa 2020 kwa dola 499, na badala ya bei kushuka kama tulivyozoea, imepanda. Kwa mtoto wa shule anayefanya kazi wikiendi huku kwetu, hizo ni saa nyingi za kusimama dukani.

Na nyumbani je? Yule binamu wa Mombasa au Dar bado anacheza PS4 uliyomletea kwenye sanduku, katikati ya vitenge na vitamini za bibi. Jirani yake hana hata hiyo, anakwenda kibandani, pale wanapolipia mechi au muda. Kama ni muda, hesabu mwenyewe: umelipia nusu saa, dakika 6 zimekwenda kwenye kupakia. Moja ya tano ya pesa yako imenunua kiduara kinachozunguka. Programu ovyo haimuumizi kila mtu sawa. Mwenye mashine bora haihisi sana, mwenye mashine dhaifu analipa yote.

Kuna wanaosema skrini ni mapumziko, unyooshe mgongo, unywe maji. Sawa, lakini mapumziko nichague mimi. Na hata kuyafanya yawe ya maana tulizuiliwa: Namco walikuwa na hataza, yaani haki ya kisheria juu ya wazo, ya kuweka kagemu kadogo ka kuchezea wakati gemu kubwa inapakia. Hataza hiyo iliisha 2015. Kwa hiyo kwa miaka mingi tulisubirishwa, na kutuburudisha tukisubiri kukawa na mwenyewe.

Unachoweza kufanya leo

Kabla hujanunua chochote, jaribu haya.

Kwanza, angalia gemu imekaa wapi. Watu wengi wana SSD ndani ya kompyuta lakini gemu wameiweka kwenye diski ya nje ya kizamani, ile yenye sahani inayozunguka. Ihamishe. Hilo peke yake mara nyingi linatosha.

Pili, kama una PS4, diski yake inabadilishika. Weka SSD ya kawaida ya inchi 2.5. Ni sehemu ndogo tu ya bei ya konsoli mpya, na video za kuonyesha jinsi ya kufanya zimejaa. Xbox One unaweza kuichomekea SSD ya nje kwa USB. Ukitaka kumpa binamu zawadi ya maana safari ijayo, ndiyo hiyo, na haichukui kilo kwenye mzigo.

Tatu, acha nafasi kwenye diski. SSD iliyojaa hadi shingoni inapunguza kasi.

Nne, kama unatumia modi, zipunguze, kisha uongeze moja moja ukipima. Lakini modi nyingine ndizo dawa. Fallout 4, ambayo pia ni ya jirani zetu wa Rockville, imefunga kasi ya kupakia kwenye idadi ya fremu kwa sekunde. Ukizuia fremu zisizidi 60, umezuia na kupakia. Wachezaji walitengeneza modi ya High FPS Physics Fix ambayo, pamoja na mengine, inaondoa kizuizi hicho wakati wa kupakia tu. Tena ni watu wa nje waliorekebisha.

Na ukishafanya yote na bado unasubiri, basi sasa unajua sio wewe. Andika. Toa tathmini yako mahali uliponunua, taja dakika ngapi, kwenye mashine gani. Malalamiko yenye namba ni magumu kuyapuuza.

Kwa wadogo zetu mnaosoma kompyuta pale Largo, College Park au Bowie: hayo makosa mawili ya GTA mnayafundishwa mwaka wa kwanza au wa pili. Hayahitaji kipaji cha ajabu kuyaona. Yanahitaji mtu asiyeridhika na jibu la "ndivyo ilivyo". Wengi wetu tumefundishwa adabu ya kutouliza sana, na adabu ni nzuri mbele ya wazee. Mbele ya programu haina kazi.

Kwa hiyo kazi ya wikiendi: chukua simu, pima gemu yako inachukua sekunde ngapi kupakia na inapakia mara ngapi kwa saa moja. Hamisha diski, pima tena. Tuletee namba zote mbili, tutazisoma kipindi kijacho, na yule mwenzangu wa "nunua mpya" atajibu hewani.